HABARI NA AMRI VITANI
Somo la redio kwa madarasa ya watu wazima

Natumaini kila mtu amekwisha kukaa kitako, na daftari liko mbele yake. Mwalimu wa darasa, tafadhali andika ubaoni maneno haya, moja chini ya jingine:

KUONA
KUPASHA HABARI
KUAMUA
KUTENDA

Yaache hapo mpaka mwisho wa somo, kwa maana tutayarudia mara nyingi.

Somo la leo ni juu ya vita. Lakini hatutazungumza sana juu ya bunduki na mizinga. Tutazungumza juu ya kitu kisichotoa moshi wala kishindo, nacho ni habari. Siku hizi mnasikia katika taarifa za redio kwamba majeshi hupigana kwa kompyuta, kwa setilaiti, na kwa ndege zisizo na rubani, navyo vyote vimeunganishwa kwa mtandao. Huenda mtu wa Tunduru akasema, "Hayo ni mambo ya watu wa mbali, sisi yatuhusu nini?" Jibu ni kwamba mambo hayo yalikwisha kupita hapa kwetu, kati ya Rufiji na Ruvuma, zaidi ya miaka mia moja iliyopita. Vyombo vilikuwa vingine, lakini kazi yake ilikuwa ile ile. Na watu wengi wa nchi hii walilipa kwa maisha yao.

Dungu la shambani

Kwanza tuelewe maana ya amri. Tuchukue mfano wa shamba la mpunga. Mpunga umeiva, na ndovu wapo karibu. Kijana anapanda juu ya dungu kulinda. Usiku anaona ndovu wanakuja: huko ni kuona. Anapiga kelele: huko ni kupasha habari. Mzee mwenye shamba anasikia, anafikiri, anasema, "Nendeni upande wa mtoni na madebe": huko ni kuamua. Watu wanakwenda na kupiga madebe: huko ni kutenda. Halafu kijana anatazama tena, anasema, "Wamegeuka, sasa wako upande wa juu!" Na kazi inaanza upya.

Mambo hayo manne ni kama pete moja. Pete ikikatika mahali pamoja, mpunga umekwisha. Kijana akilala, hakuna kuona. Sauti yake isipofika, hakuna habari. Akisema ndovu wako mtoni nao wako juu, habari imefika lakini ni ya uongo. Mzee akikawia, habari njema haina faida. Vita navyo ni hivyo hivyo, ila katika vita kinachopotea ni watu.

Sasa tutazame mambo manne yaliyotokea katika Vita vya Kwanza vya Dunia, vilivyoanza mwaka 1914 na kwisha 1918. Wakati ule Wajerumani walitawala Tanganyika, nao Waingereza na wenzao waliwashambulia.

Manowari ya Rufiji, 1915

Tarehe 20 Septemba 1914 manowari ya Kijerumani iitwayo Königsberg iliingia bandari ya Unguja, ikaizamisha manowari ya Kiingereza iitwayo Pegasus. Kisha ikaenda kujificha katika matawi ya mto Rufiji, ndani ya mikoko. Waingereza walipoyajua maficho yake waliziba njia za baharini, lakini hawakuweza kuipiga. Manowari zao kubwa zilihitaji maji ya kina kirefu, na mtoni maji yalikuwa haba.

Mwaka 1915 wakaleta vyombo viwili vya vita vinavyoweza kupita katika maji haba, Severn na Mersey. Tena wakaweka eropleni katika kisiwa cha Mafia. Shida ilikuwa hii: watu wa mizinga ndani ya vyombo vile hawakuweza kuiona Königsberg hata kidogo, kwa sababu miti ilikuwa katikati. Mwanajeshi anaweza kuwa na mzinga mzuri sana, lakini kama haoni anachopiga, anatupa mali yake msituni.

Kwa hiyo eropleni ikaruka juu. Mtu aliyekuwa ndani yake alitazama kila kombora linapoanguka, akapeleka ishara kwa simu ya upepo, yaani simu isiyo na waya: mbele mno, nyuma mno, kushoto, kulia. Watu wa mizinga wakapokea ishara, wakaelekeza mizinga yao upya.

Siku ya kwanza, tarehe 6 Julai, hawakufaulu. Vyombo viwili vilipiga pamoja, na yule wa angani akashindwa kujua kombora lipi limetoka wapi. Habari zilikuwa nyingi, lakini zilichanganyika. Tarehe 11 Julai wakarudi, na safari hii wakapiga kwa zamu. Eropleni iliyokuwa na rubani Cull na mtazamaji Arnold ilipigwa ikaanza kushuka, lakini Arnold aliendelea kupeleka ishara huku wakianguka. Makombora yakaipata Königsberg, na Wajerumani wenyewe wakaimaliza ili isitekwe. Mizinga yake kumi wakaitoa, ikaburutwa nchi kavu kwa nguvu za watu, ikatumika vitani.

Ndugu zangu, tazameni ubaoni. Macho yalikuwa angani, mizinga ilikuwa mtoni, na kati yake palikuwa na simu ya upepo. Huo ndio mtandao wa vita. Wataalamu wa leo wanapotumia setilaiti na kompyuta, wanafanya kazi ile ile iliyofanywa Rufiji mwaka 1915, ila wanaifanya upesi zaidi na kutoka mbali zaidi.

Majeshi mawili yaliyopishana, 1917

Sasa tushuke kusini, tufike huku kwetu. Kufikia mwaka 1917 jemadari wa Kijerumani, Paul von Lettow-Vorbeck, alikuwa amesukumwa mpaka upande wa Lindi na uwanda wa Makonde. Jeshi lake jingine, chini ya Kapteni Tafel, lilikuwa Mahenge. Waingereza waliotoka Songea walikuwa wamekwisha kufika Tunduru, na wengine walikuwa wakiingia kutoka pwani. Mwezi wa Oktoba Wabelgiji wakaingia Mahenge. Tafel akashika njia ya kusini ili aungane na mkuu wake.

Jemadari wa siku zile alipelekaje amri? Kwanza kwa simu ya waya. Lakini waya hukatwa na adui, na porini ndovu na twiga huuangusha. Pili kwa vioo vinavyomulika jua kutoka kilima hadi kilima; lakini mawingu yakitanda, kioo ni bubu. Tatu kwa simu ya upepo. Lakini mitambo ilikuwa michache na mizito. Tangu Agosti 1914 manowari ya Kiingereza iliupiga mtambo wa Dar es Salaam. Njia ya mwisho ilikuwa tarishi, mtu mwenye barua na miguu yake miwili. Na tarishi aliyetumwa kumtafuta Lettow ilimpasa kupenya katikati ya majeshi ya Waingereza, kumtafuta mtu ambaye kila siku alihama.

Basi mawasiliano ya Tafel na mkuu wake yakakatika. Tafel alishuka kuelekea Ruvuma, katika nchi iliyo kati ya Tunduru na Masasi, ile mnayoipita leo mkienda Mtwara kwa kuvuka Muhuwesi na Lumesule. Lettow naye alikuwa akielekea mto huo huo. Tarehe 17 Novemba, mahali paitwapo Nambindinga, aliwaacha wagonjwa na majeruhi kwa kuwa dawa na risasi zilikuwa zinakwisha, akachukua Wazungu 300 hivi, askari Waafrika 1,700 hivi, na wapagazi. Tarehe 25 Novemba akavuka Ruvuma hadi Ngomano, akawashinda Wareno waliokuwa pale, akapata bunduki, risasi na chakula.

Tafel alifika nyuma kidogo. Majeshi hayo mawili yalipishana, na kati yake, wasema walioandika vita hivyo, palikuwa na mwendo wa siku moja tu. Siku moja, ndugu zangu! Lakini hakuna aliyejua mwenzake alipo. Tafel hakuwa na chakula tena, wala hakujua mahali pa kwenda. Tarehe 28 Novemba 1917, siku tatu baada ya Ngomano, akajitoa kwa Waingereza pamoja na askari zaidi ya 1,000.

Jeshi hilo halikushindwa kwa kukosa ushujaa. Lilishindwa kwa kukosa habari moja tu: "Niko Ngomano, chakula kipo." Maneno manne! Neno KUPASHA HABARI lilikatika katika pete, na maneno mengine matatu yakafa pamoja nalo.

Wala tusiwafikirie askari peke yao. Kila jeshi lilifuatwa na wapagazi, wengi wao wamechukuliwa kwa nguvu. Jeshi likipotea njia siku moja, mpagazi hubeba mzigo siku moja zaidi akiwa na njaa. Jeshi likikosa chakula, huingia kijijini na kuchukua mahindi na mtama wa watu. Hukadiriwa kwamba wapagazi wa upande wa Waingereza peke yao waliokufa katika vita hivyo walikaribia 100,000, wengi kwa maradhi na njaa. Jina la Kariakoo, kule Dar es Salaam, latokana na jeshi hilo la wapagazi. Mpagazi hakuwa na simu, wala hakuulizwa neno. Lakini simu ilipokosekana, yeye ndiye aliyeumia kwanza.

Meli ya hewani iliyorudi njiani

Katika siku zile zile za Novemba 1917, jambo la ajabu lilikuwa likitendeka mbali sana. Wajerumani walitengeneza meli ya hewani, chombo kirefu zaidi ya mita 200, kilichojaa hewa nyepesi. Kiliitwa L 59. Kilipakiwa tani 15 hivi za dawa, risasi na bunduki za bombom, kwa ajili ya Lettow. Hata mwili wake ulipangiwa kazi: kitambaa kiwe mahema na nguo, na mifupa ya chuma chepesi itengenezewe mnara wa simu ya upepo.

Tarehe 21 Novemba L 59 iliondoka Jamboli, katika nchi ya Bulgaria. Ikavuka bahari, ikaingia Afrika, ikapita juu ya jangwa mpaka karibu na Khartoum, Sudan. Huko, tarehe 23 Novemba, ikapokea amri kwa simu ya upepo kutoka Ujerumani: rudini. Ujerumani walikuwa wamesikia kwamba sehemu kubwa ya uwanda wa Makonde, ambako meli ingetua, imekwisha tekwa. Meli ikageuka. Ikafika Jamboli asubuhi ya tarehe 25 Novemba, ikiwa imekwenda kilomita zaidi ya 6,700 bila kutua.

Je, habari ile ilikuwa ya kweli? Ndiyo, kwa sehemu. Uwanda ulikuwa umepotea. Lakini Lettow hakuwa amekwisha. Siku ile ile ya tarehe 25 ndipo alipovuka Ruvuma na kupata mali ya Wareno. Amri ilisafiri upesi kama umeme, lakini ilisimama juu ya nusu ya habari. Mtu wa Berlin alizungumza na chombo kilicho juu ya Sudan, lakini hakuweza kumwuliza Lettow, "Je, uko wapi?" Hapo twajifunza neno la pili: mtandao ulio wazi upande mmoja na kufungwa upande wa pili waweza kumfanya mkuu aamue kama kipofu anayekimbia.

Vita vilivyokwisha bila watu kujua, 1918

Lettow alizunguka Msumbiji karibu mwaka mzima. Septemba 1918 akavuka tena Ruvuma, akapita upande wa Songea na Njombe, akaingia nchi ambayo leo ni Zambia, mpaka Kasama.

Huko Ulaya vita vilisimama tarehe 11 Novemba 1918, saa tano asubuhi. Simu ziliipeleka habari hiyo miji mikubwa yote. Lakini porini, kusini ya Kasama, haikufika. Tarehe 12 Novemba bunduki zilikuwa zingali zikilia. Tarehe 13 Novemba Wajerumani wakamkamata tarishi wa Kiingereza aliyepanda pikipiki. Katika mfuko wake mlikuwa na karatasi, nayo ilisema vita vimesimama. Kesho yake, kwenye mto Chambeshi, Lettow akapata uhakika kwa mdomo wa ofisa wa Kiingereza. Tarehe 25 Novemba akajitoa huko Abercorn, mji ambao leo huitwa Mbala.

Fikirini, ndugu wanafunzi. Mtu aliyeuawa tarehe 12 Novemba aliuawa katika vita ambavyo vilikwisha. Mpagazi aliyeanguka njiani siku ile alibeba mzigo usio na kazi. Na kilichowaokoa waliobaki ni kipande cha karatasi, na mtu aliyejua kukisoma.

Vita vya siku hizi

Sasa tuuvuke wakati, tuje katika siku zetu. Je, mambo yamebadilika?

Yamebadilika sana kwa upesi. Mtandao ni kama wavu wa mvuvi: kila uzi umefungwa na mwenziwe, na ukivuta fundo moja, mafundo mengine yanatikisika. Katika jeshi la leo, setilaiti iliyo juu sana angani hupiga picha. Ndege isiyo na rubani hutazama kutoka karibu. Askari ana redio, na chombo kinachomwonyesha mahali alipo. Habari hizo zote huingia katika kompyuta, nayo huziweka juu ya ramani moja, na jemadari huitazama ramani hiyo akiwa mbali kabisa. Katika vita vya Ghuba vya mwaka 1991, majeshi ya Marekani yalitumia ishara za setilaiti kujua njia jangwani. Katika vita vya Ukraini, tangu 2022, ndege ndogo isiyo na rubani huona adui, na baada ya dakika chache tu mzinga hulia. Hiyo ni Rufiji tena, bila ya mtu kukaa katika eropleni.

Lakini mambo matatu hayakubadilika.

La kwanza, uzi hukatika. Zamani adui alikata waya. Siku hizi huvuruga mawimbi ya redio, na chombo kinachoongozwa kwa mawimbi hayo hupotea kama Tafel alivyopotea.

La pili, uzi hubeba habari pande zote mbili. Anayesema husikiwa hata na asiyemkusudia. Usiku wa kuamkia tarehe 1 Januari 2023, askari wengi wa Urusi waliuawa kwa makombora mahali paitwapo Makiivka. Urusi ilitangaza kwamba waliokufa ni 89, na kwamba sababu kubwa ni askari kutumia simu zao za mkononi, hata adui akajua walipo. Simu iliyo mfukoni ni mdomo, lakini pia ni alama.

La tatu, kompyuta huleta habari, haileti busara. Habari zikiwa nyingi mno huchanganyika, kama zilivyochanganyika Rufiji siku ya kwanza. Nusu ya habari huzaa amri mbaya, kama ile iliyoirudisha L 59. Tena upesi una hatari yake. Tarishi alipotembea siku tatu, jemadari alikuwa na siku tatu za kufikiri. Leo ana dakika moja, na wako wanaotaka mashine iamue mahali pake. Ndiyo sababu tangu 2014 mataifa yamekutana mara nyingi Geneva kujadiliana juu ya silaha zinazoweza kuchagua mtu wa kupiga bila amri ya binadamu. Mashine ikikosea, ni nani atakayejibu mbele ya wazazi wa aliyekufa? Swali hilo halihitaji mtaalamu peke yake. Mkulima wa korosho wa Tunduru naye ana haki ya kuliuliza.

Maneno ya kukumbuka

Tumeona kwamba amri ni mtoto wa habari. Habari ikiwa nzima, amri yaweza kuwa nzuri. Habari ikikatika, ikichelewa, au ikiwa nusu, amri huharibika, na wa kwanza kuumia ni yule aliye chini kabisa, mpagazi na mwanakijiji, ambaye hakuulizwa. Kwa hiyo kujua kusoma na kupima habari ni ngao ya mtu mdogo. Siku hizi habari za vita na za fitina huingia mpaka vijijini kwa simu za mkononi. Ikikufikia habari ya kutisha, kabla ya kuipeleka kwa jirani, iulize maswali manne:

1. Ni nani aliyeona kwa macho yake?
2. Aliona lini, na wapi?
3. Habari imepita mikononi mwa nani mpaka kunifikia?
4. Ikiwa si kweli, ni nani atakayeumia?

Habari isiyoweza kujibu maswali hayo, iache ikae kwako kwanza.

Kazi ya darasa

Sasa mwalimu wa darasa, nakuachia kazi. Wagawe wanafunzi katika vikundi, wazungumze juu ya maswali haya:

1. Katika habari ya Tafel, ni neno gani kati ya manne yaliyo ubaoni lililokatika? Katika habari ya L 59 je?
2. Kwa nini Waingereza walifaulu Rufiji tarehe 11 Julai na si tarehe 6?
3. Kijijini kwenu, habari ya hatari, kama ya moto au ya ndovu, hupita njia gani? Njia hiyo ikikatika, ipo ya pili?
4. Waulizeni wazee: wamesimuliwa nini na wazazi wao juu ya wapagazi wa vita vile?

Halafu kila mwanafunzi aandike sentensi tatu katika daftari lake juu ya jibu la swali la nne. Atakayeshindwa kuandika tatu, aandike moja, lakini aiandike kwa mkono wake mwenyewe, na aitie jina la aliyemsimulia. Kwa njia hiyo naye atakuwa ameiunga tena pete, maana mambo mengi ya wapagazi hao hayakuandikwa na mtu.